Kupinga Uamuzi wa Udahili wa Chuo cha Ualimu Mahakamani: Mwongozo Kamili kwa Waombaji wa Mtwara na Lindi

Majina ya waliochaguliwa kujiunga na vyuo vya ualimu yanapotangazwa, hawakosekani waombaji wa Tandahimba, Masasi, Ruangwa au Kilwa wasioona majina yao, ingawa ufaulu wao unatimiza kila sifa iliyotajwa kwenye tangazo. Wengine huchaguliwa, wakaripoti chuoni na godoro na ndoo, kisha wakaambiwa getini kuwa nafasi yao imefutwa. Wengi wa hawa hunyamaza, na baadhi hutafuta mtu anayemfahamu mtu wizarani. Njia ya sheria ipo, ina utaratibu wake na muda wake, na mwongozo huu unaieleza hatua kwa hatua kwa mwombaji wa kawaida na kwa mzazi au mlezi anayemsaidia.

Kabla ya hatua yoyote, kuna jambo moja ambalo lisipoeleweka mapema litawagharimu fedha na muda: mahakama haigawi nafasi za masomo. Jaji hatachukua orodha ya waombaji na kuamua nani anafaa kuwa mwalimu wa hisabati na nani hafai. Anachopima ni namna uamuzi ulivyofikiwa, yaani kama aliyeamua alikuwa na mamlaka, kama alifuata vigezo alivyovitangaza mwenyewe, kama alimsikiliza aliyeathirika pale alipopaswa kumsikiliza, na kama uamuzi wenyewe una mantiki. Mahakama ya Rufani ilivitaja vigezo hivi mwaka 1990 katika shauri la Sanai Murumbe na mwenzake dhidi ya Muhere Chacha, na hadi leo mawakili huvitumia kila wanapoomba mahakama ipitie uamuzi wa chombo cha umma. Kwa sababu hiyo, shauri la udahili hushinda au hushindwa kwa karatasi zilizokusanywa katika wiki za mwanzo. Ufasaha wa wakili siku ya kusikilizwa hauwezi kuziba pengo la barua ambayo haikuandikwa.

Hatua ya kwanza: jua uamuzi ni wa nani

Swali hili huonekana rahisi, lakini ndilo linaloangusha maombi mengi. Mkoa wa Mtwara una vyuo vya ualimu vya Serikali vya Mtwara Kawaida, Mtwara Ufundi na Kitangali kilichopo Newala, na Lindi ina Chuo cha Ualimu Nachingwea. Vyuo hivi ni vya Wizara ya Elimu, Sayansi na Teknolojia. Kwa utaratibu wa miaka ya karibuni, mwombaji wa chuo cha Serikali hujaza maombi katika mfumo wa wizara, na wizara ndiyo inayochagua na kupanga. Mkuu wa chuo hupokea orodha, hukagua vyeti na kusajili. Kwa hiyo, ukikosa kuchaguliwa, uamuzi ni wa wizara. Ukikataliwa getini kwa sababu ya vyeti au fomu ya afya, huenda uamuzi ni wa mkuu wa chuo, au yeye alitekeleza tu maelekezo kutoka juu. Muulize mkuu wa chuo kwa maandishi: umeamua mwenyewe, au umeagizwa?

Baraza la Taifa la Elimu ya Ufundi na Mafunzo ya Ufundi Stadi, maarufu kama NACTVET, ambalo kabla ya mwaka 2021 liliitwa NACTE, nalo linaweza kuwa limehusika katika kuhakiki sifa au katika ithibati ya chuo. Kwa shahada ya ualimu katika vyuo vikuu na vyuo vikuu vishiriki, mambo yako chini ya Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, na anayeamua udahili kwa kawaida ni chuo chenyewe. Tangazo la mwaka husika ndilo litakalokuonyesha nani alikuwa na kazi ipi, hivyo lisome hadi mstari wa mwisho.

Chuo cha ualimu cha Serikali si taasisi yenye utu wake wa kisheria wa kushtaki na kushtakiwa, bali ni sehemu ya wizara. Anayefungua maombi dhidi ya chuo peke yake anajitafutia pingamizi la awali, yaani hoja ya kutaka shauri liondolewe kabla ya kusikilizwa. Kwa kawaida mjibu maombi, yaani anayelalamikiwa, huwa Katibu Mkuu wa wizara, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe.

Chuo binafsi kina njia tofauti. Uhusiano wako nacho ni wa mkataba zaidi: ulilipa ada ya maombi, ulipokea barua ya kukubaliwa, ukalipa sehemu ya ada. Kikikukatalia baada ya hapo, malalamiko huanzia kwa uongozi wa chuo, kisha NACTVET, na dai la kurudishiwa fedha hufunguliwa katika mahakama ya chini kulingana na kiasi kinachodaiwa. Mapitio ya mahakama, yaani mahakama kupima namna uamuzi ulivyofikiwa, yanayoelezwa katika sehemu kubwa ya mwongozo huu yanahusu vyombo vya umma.

Hatua ya pili: kusanya ushahidi siku hiyohiyo

Mfumo wa maombi wa mtandaoni hufungwa. Ujumbe uliouona leo unaweza usiwepo baada ya wiki mbili, na tangazo linaweza kuondolewa au kubadilishwa. Piga picha ya kioo cha simu au kompyuta ikionyesha ukurasa mzima, tarehe na namba yako ya maombi. Pakua tangazo la nafasi pamoja na orodha ya waliochaguliwa. Tunza risiti yenye namba ya kumbukumbu ya malipo, ujumbe mfupi wa simu, barua pepe na bahasha yenye muhuri wa posta. Chapisha kila kitu, kwa kuwa simu ikianguka katika maji ya Shangani ushahidi wote unaondoka nayo.

Ukikataliwa kwa mdomo, usiondoke chuoni bila kuandika daftarini tarehe, saa, cheo cha aliyekujibu na maneno yake kwa karibu iwezekanavyo. Mzazi au ndugu uliyefuatana naye aandike ya kwake mwenyewe, kwa sababu baadaye anaweza kuapa juu ya yale aliyoyasikia kwa masikio yake. Yale uliyosimuliwa na mwenzako aliyekuwa ofisini hayana uzito huo.

Tengeneza pia jedwali dogo la upande mmoja na mwingine: kila sifa iliyotajwa kwenye tangazo upande wa kushoto, na uthibitisho wako upande wa kulia. Kama tangazo lilitaka kidato cha sita daraja la kwanza hadi la tatu na ufaulu katika masomo mawili ya kufundishia, andika daraja lako, masomo na namba ya mtihani kama ilivyo katika matokeo ya Baraza la Mitihani la Tanzania. Jedwali hili litakuonyesha pia ukweli usioupenda. Ikiwa kuna sifa usiyonayo, huna shauri la udahili, na ni afadhali ulijue hilo sasa, kabla ya kulipa nauli na ada ya wakili.

Hatua ya tatu: andika barua ya kuomba sababu

Hii ndiyo hatua ninayoisisitiza kuliko zote, kwa sababu haihitaji wakili na gharama yake ni ndogo. Barua inafanya kazi tatu kwa wakati mmoja. Inaweza kumaliza mgogoro, maana makosa mengi ya udahili ni makosa ya uingizaji wa taarifa tu. Inaonyesha mahakama kwamba ulitumia njia za ndani kwanza. Na inamlazimisha aliyeamua ajifunge kwenye sababu moja, ili asije akabuni nyingine baada ya kupelekwa mahakamani.

Barua iwe fupi, yenye adabu na yenye maombi yanayopimika. Mfano wa sehemu yake kuu ni huu:

"Ndugu Katibu Mkuu, mimi ni mwombaji mwenye namba ya maombi iliyotajwa hapo juu. Niliomba nafasi ya stashahada ya ualimu kwa mujibu wa tangazo lenu, nikiwa na sifa zote zilizotajwa, kama inavyoonekana katika viambatisho A hadi D. Jina langu halikuwamo katika orodha iliyotangazwa. Naomba kwa heshima: kwanza, kujulishwa kwa maandishi sababu za kutochaguliwa; pili, kupatiwa vigezo vilivyotumika kuchagua pale waombaji wenye sifa walipozidi nafasi; na tatu, maombi yangu yapitiwe upya. Naomba majibu ndani ya siku 14, kwa kuwa masomo yanakaribia kuanza."

Nakala ipelekwe kwa mkuu wa chuo na kwa ofisa elimu wa mkoa. Ukiipeleka kwa mkono, nenda na nakala yako na uombe igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ukiituma kwa posta, tumia rejesta na utunze stakabadhi. Mfumo wa e-Mrejesho wa Serikali nao hupokea malalamiko na kukupa namba ya kufuatilia, lakini uwe nyongeza ya barua, usichukue nafasi yake.

Ukinyamaziwa, una nyenzo mbili zaidi. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 humpa raia haki ya kuomba taarifa kwa mamlaka ya umma, na mamlaka hiyo inatakiwa kujibu ndani ya siku 30. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 nayo humpa mtu haki ya kujua taarifa zake zilizoshikiliwa na kuomba zisahihishwe zikiwa na makosa. Haki hii ya pili ina manufaa makubwa pale unapohisi kwamba mfumo ulisoma matokeo ya mtu mwingine kama yako.

Hatua ya nne: pima kama una hoja ya kisheria

Kuumia si hoja. Mtu mwenye sifa anaweza kukosa nafasi kihalali kabisa, kwa sababu nafasi zilikuwa chache na walio mbele yake walikuwa na ufaulu mkubwa zaidi. Hoja inayosimama huwa mojawapo ya hizi zifuatazo, na nazieleza kwa upana kwa sababu hapa ndipo mwombaji anapohitaji kujihoji kwa ukweli.

Hoja ya kwanza ni kutofuata vigezo vilivyotangazwa. Tangazo likisema kigezo fulani, kisha mtu akaondolewa kwa kigezo ambacho hakikutajwa popote, kama vile umri au mwaka wa kuhitimu, kuna jambo la kuuliza mahakamani. Vivyo hivyo pale vigezo vinapobadilishwa baada ya dirisha la maombi kufungwa.

Hoja ya pili ni kunyimwa nafasi ya kusikilizwa. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki na wajibu wake vinapohitaji kuamuliwa na mahakama au chombo kingine, pamoja na haki ya kukata rufani au kupata nafuu nyingine ya kisheria. Uzito wa hoja hii hutegemea umefika wapi katika mchakato. Aliyeomba tu bila kuchaguliwa ana dai dhaifu, kwa sababu hakuna chombo kitakachomwita kila mwombaji ajieleze. Aliyekwisha kuchaguliwa, akatangazwa, akapewa barua ya kujiunga na kulipa michango ana matarajio halali, na kumwondoa bila kumwambia kosa lake na kusikia maelezo yake ni kasoro kubwa. Aliyeanza masomo ana msingi imara kuliko wote.

Mfano wa karibu tunaoujua wote ni wa mwaka 2016, Serikali ilipowarudisha nyumbani wanafunzi zaidi ya 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu waliokuwa Chuo Kikuu cha Dodoma, kisha baada ya kuhakiki sifa zao ikawapanga wengi wao katika vyuo vya ualimu. Ninautaja kwa sababu unaonyesha kwamba uhakiki unaweza kuja wakati mwanafunzi yuko darasani tayari, na kwamba uamuzi wa kumwondoa mtu unaweza kupitiwa upya na kurekebishwa. Mwenye sifa aliyetunza karatasi zake hujieleza kwa urahisi siku kama hiyo.

Hoja ya tatu ni kosa la wazi la ukweli. Tuchukue mfano wa binti wa Kitangali aliyefanya mtihani wa kidato cha nne kwa majina mawili, akafanya wa kidato cha sita kwa majina matatu, na cheti chake cha kuzaliwa kinaandika Sofia pale cheti cha shule kinapoandika Sophia. Anafika chuoni anaambiwa vyeti si vyake. Msajili hakukosea kutilia shaka, kwa sababu kughushi vyeti ni tatizo la kweli na ni kazi yake kulizuia. Kosa linaanza pale anapomwondoa bila kumpa muda wa kuleta kiapo cha majina au hati ya kubadili jina iliyosajiliwa, na bila kuuliza Baraza la Mitihani. Katika shauri kama hili, binti anatakiwa aje mahakamani akiwa tayari ameshaitafuta hati hiyo na ameshaipeleka chuoni ikakataliwa. Akija bila hati, atapewa ushauri ule ambao angeweza kupewa na msaidizi wa kisheria kijijini.

Hoja ya nne ni ubaguzi, ambao Katiba inaukataza katika ibara ya 13. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010 inalinda haki ya mtu mwenye ulemavu kupata elimu, kwa hiyo kumkatalia mwombaji asiyeona au mwenye ulemavu wa viungo kwa kutazama fomu ya afya peke yake, bila kupima anachoweza kufanya, kunaweza kupingwa. Msichana aliyepata mtoto akiwa shuleni na baadaye akamaliza masomo yake naye asikubali kuambiwa kwamba uzazi ni sababu ya kumnyima chuo, hasa baada ya Serikali yenyewe kuruhusu mwaka 2021 wanafunzi waliokatisha masomo kwa ujauzito warudi katika shule za mfumo rasmi.

Kuna hoja moja inayopendwa sana ambayo nashauri isibebeshwe mzigo peke yake, nayo ni haki ya elimu katika ibara ya 11 ya Katiba. Ibara hiyo inasema kila raia yuko huru kutafuta elimu katika fani anayopenda kulingana na stahili na uwezo wake, lakini imo katika sehemu ya malengo ya msingi, na ibara ya 7(2) inasema masharti ya sehemu hiyo hayatekelezwi kwa nguvu ya kisheria na mahakama. Itaje kama msaada, na ujenge shauri lako juu ya ibara ya 13.

Ikiwa sababu halisi ya kukosa nafasi ni kwamba mtu aliomba rushwa nawe hukutoa, mahali pa kwanza pa kwenda ni TAKUKURU, ambayo ina ofisi Mtwara na Lindi. Kumbuka kwamba chini ya Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007 anayetoa rushwa naye ana kosa. Na kama kweli cheti chako kina tatizo, usiape kiapo cha uongo mahakamani. Utatoka na kesi ya jinai ambayo hukuingia nayo.

Hatua ya tano: tafuta msaada ulio karibu

Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria, na katika halmashauri ofisi ya maendeleo ya jamii inaweza kukuelekeza walipo. Msaidizi wa kisheria atakusaidia kuandika barua, kupanga nyaraka na kukuunganisha na wakili, lakini hawezi kukuwakilisha mahakamani. Ukipitia kwa mtoa msaada aliyesajiliwa, ulizia pia uwezekano wa kusamehewa ada za mahakama.

Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora ina ofisi Lindi, na inapokea malalamiko dhidi ya ukiukwaji wa misingi ya utawala bora bila malipo. Inaweza kuchunguza, kuita wahusika na kutoa mapendekezo. Mapendekezo yake hayana nguvu ya hukumu, lakini barua ya Tume huifanya ofisi iliyonyamaza itafute jalada lako. Peleka malalamiko huko kabla ya kufungua shauri, kwa sababu Tume haichunguzi jambo ambalo liko mahakamani.

Wakati huohuo usiache kuomba katika awamu ya pili ya udahili au katika chuo kingine. Kuomba tena hakufuti haki yako, ilimradi useme kwa maandishi kwamba bado unapinga uamuzi wa kwanza.

Hatua ya sita: omba kibali ndani ya miezi sita

Mapitio ya mahakama kwa upande wa Tanzania Bara yanaongozwa na Sheria ya Marekebisho ya Sheria (Ajali Zinazosababisha Vifo na Masharti Mengineyo), Sura ya 310, pamoja na Kanuni zake za mwaka 2014 zilizotangazwa katika Tangazo la Serikali namba 324. Mahakama yenye mamlaka ni Mahakama Kuu, na kwa wakazi wa mikoa hii miwili ni Mahakama Kuu Kanda ya Mtwara.

Shauri lina ngazi mbili. Ya kwanza ni kuomba kibali cha kufungua maombi makuu, na maombi haya ya kibali lazima yafunguliwe ndani ya miezi sita tangu tarehe ya uamuzi unaopingwa. Muda unaanza kuhesabiwa siku uamuzi ulipotolewa, na kubadilishana barua na wizara hakuusimamishi. Hapa familia zetu hujikuta katika mtego wa msimu. Majina yakitangazwa Agosti, nyumba nyingi za Newala, Masasi na Nachingwea husubiri minada ya korosho inayoanza Oktoba ndipo zitafute wakili, na malipo ya chama cha msingi yanaweza kuchelewa hadi Desemba. Wakili anapewa jalada Januari, barua hazijaandikwa, na Februari muda umekwisha. Ukichelewa unaweza kuomba kuongezewa muda, lakini utatakiwa kueleza sababu ya kila siku uliyochelewa, na kusubiri fedha peke yake si sababu ya kutegemea. Andika barua Agosti, mwone msaidizi wa kisheria Septemba, na kibali kiombwe mapema kadiri inavyowezekana, hata kama nusu ya ada ya wakili italipwa baada ya mnada.

Nyaraka za kuomba kibali ni tatu. Kuna hati ya maombi ya upande mmoja, yaani yanayosikilizwa bila mjibu maombi kuitwa. Kuna maelezo yanayotaja jina na wasifu wa mwombaji, nafuu anazoomba na misingi ya kuziomba. Na kuna kiapo kinachothibitisha mambo ya ukweli, chenye viambatisho. Usajili siku hizi hufanyika kwa mfumo wa kielektroniki wa Mahakama, na tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo hakuna aibu kuwasilisha nyaraka kwa Kiswahili.

Misingi iandikwe kwa uangalifu mkubwa, maana usiyoitaja katika maelezo ya mwanzo hutaruhusiwa kuitegemea baadaye bila ruhusa ya mahakama. Kiapo nacho kina miiko yake. Kinabeba ukweli unaoujua, si hoja za kisheria wala malalamiko ya moyo. Aya inayofaa ni kama hii: "Kwamba tarehe iliyotajwa nilifika chuoni nikiwa na barua ya kujiunga, ambayo nakala yake imeambatishwa kama kiambatisho C, na msajili akanieleza kwamba majina katika vyeti vyangu hayalingani." Isiyofaa ni ile inayosema: "Kwamba chuo kilinionea na kuvunja Katiba." Taarifa uliyopewa na mtu mwingine itaje chanzo chake. Mwishoni, mahali pa kuapia lazima paonyeshe mji, tarehe na jina la kamishna wa viapo, kwani kiapo kisichoonyesha mahali kilipoapwa kinaweza kutupwa kabla hata hoja zako hazijasomwa.

Katika hatua hii jaji haamui nani mkweli. Anaangalia kama una maslahi ya kutosha katika jambo hilo, kama kuna hoja inayobishanika, kama umekuja ndani ya muda, na kama hakuna njia nyingine ya kutosha uliyoiruka. Kwa kuwa masomo hayasubiri, ambatisha hati ya dharura na uombe amri ya muda ya kuzuia nafasi yako isipewe mtu mwingine. Omba jambo hili mapema kabisa. Jaji husita kumwondoa mwanafunzi mwingine aliyekwisha kukaa darasani miezi mitatu, naye pia ana haki ya kusikilizwa.

Mtu akikushauri utoe kwanza notisi ya siku 90, muulize ni kwa shauri gani. Notisi hiyo inatakiwa na Sheria ya Mashauri ya Serikali kwa mashauri ya madai, kwa mfano ukidai fidia. Kuisubiri kwa ajili ya mapitio ya mahakama ni kupoteza nusu ya miezi yako sita. Na kama unakusudia kufungua shauri la kikatiba chini ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu Muhimu, fahamu kwamba marekebisho ya mwaka 2020 yanakutaka uonyeshe umeathirika wewe binafsi na kwamba umemaliza nafuu nyingine zilizopo.

Hatua ya saba: maombi yenyewe

Kibali kikitolewa, una siku 14 za kufungua maombi makuu, ambayo sasa yanasikilizwa pande zote mbili. Siku hizi ni chache kuliko zinavyoonekana kwa mtu anayetoka Liwale, basi nyaraka ziwe zimeandaliwa kabla ya uamuzi wa kibali. Mwanasheria Mkuu wa Serikali na Katibu Mkuu wapelekewe nakala, na uthibitisho wa kupokea uingizwe mahakamani. Upande wa Serikali, ambao kwa kawaida huwakilishwa na mawakili kutoka Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali, utajibu kwa kiapo kinzani. Kisome neno kwa neno ukiwa na barua waliyokujibu mwanzo. Sababu mpya ikitokea ambayo haimo katika barua ile, wakili wako ana mahali pa kushika.

Nafuu zinazoweza kuombwa ni amri ya kufuta uamuzi, amri ya kumshurutisha mhusika atimize wajibu wake wa kisheria, na amri ya kumkataza asitende jambo alilokusudia. Kwa shauri la udahili nashauri uombe uamuzi ufutwe na maombi yako yapitiwe upya kwa kufuata vigezo vilivyotangazwa, ndani ya muda utakaotajwa na mahakama. Anayeomba jaji aamuru "nidahiliwe" peke yake anamwomba afanye kazi ya wizara, na anaweza kutoka mikono mitupu hata kama alionewa. Omba pia kwamba, muhula ukiwa umekwenda mbali, ufikiriwe katika mkupuo unaofuata.

Hatua ya nane: baada ya uamuzi

Ukishinda, kazi haijaisha. Omba nakala ya amri iliyothibitishwa, ipeleke kwa Katibu Mkuu na kwa mkuu wa chuo pamoja na barua inayotaja tarehe ya mwisho iliyowekwa na mahakama, na uchukue muhuri wa kupokelewa. Wizara inaweza kupitia upya maombi yako na bado ikakukatalia, safari hii kwa kufuata utaratibu. Uamuzi huo ni mpya, una sababu zake mpya na miezi sita yake. Amri ikipuuzwa, wakili anaweza kurudi mahakamani kuomba mhusika achukuliwe hatua kwa kuidharau mahakama, lakini aanze na barua ya kukumbusha.

Ukishindwa, taarifa ya rufani kwenda Mahakama ya Rufani hutolewa ndani ya siku 30, na rufani yenyewe hufunguliwa ndani ya siku 60 tangu taarifa hiyo. Siku ileile ya hukumu andika barua ya kuomba nakala ya mwenendo wa shauri na mpe mpinzani wako nakala ya barua hiyo, kwani siku ambazo msajili anatumia kuandaa nyaraka zinaweza kuondolewa katika hesabu ikiwa tu uliomba kwa maandishi na kwa wakati. Kaa na wakili mpime kwa utulivu kama hoja iliyobaki ni ya sheria au ni ya kutoridhika, maana rufani inaweza kuchukua muda mrefu kuliko stashahada yenyewe, na kwa mwombaji wa miaka 20 nafasi ya mwaka ujao katika dirisha jipya la udahili mara nyingi ina thamani kubwa kuliko hukumu itakayokuja baadaye.

Nyaraka zote, pamoja na zile za shauri ulilopoteza, zihifadhi. Vyeti vilivyokwisha kuhakikiwa, kiapo cha majina na barua ya Baraza la Mitihani vitahitajika tena siku utakapoomba upya, na vitahitajika kwa mara nyingine siku utakapoomba ajira ya ualimu.